Ya Kwanza, ya Mwisho, na Zote za Katikati

Munaniuliza tena. Mvua ikinyesha tu na kuranti ya taa ikikatika, lazima mumoja wenu afungue mudomo: "Koko, bibi yetu, tuelezee ile ya picha." Kama vile ni hadithi ya sungura! Mimi shule niliiacha ningali mudogo; ilinichoka na mimi nikaichoka. Mambo ya mashini muulize waliosoma. Lakini waliosoma wanaanza na "pengine" na "inawezekana", na hawakukaa ndani ya ile nyumba. Mimi nilikaa. Basi yule anayetafuna karanga aache, nitasema mara moja na nitalala.

Ilianza na kitu kidogo, picha moja yenye rangi ya majivu. Lakini kabla ya hiyo picha nitawapa watu wenyewe.

Gracien, bwana ya binti yangu Priscille, alitumika kwa shirika moja linalosaidia watu wa machimbo. Kazi yake ilikuwa picha. Alizipiga, na zaidi ya kuzipiga alizitunza. Picha zote za shirika zilikaa fasi moja kwa internet, kama stoo isiyo na ukuta, na yeye ndiye aliyeshika ufunguo. Nzuri azichague kwa ajili ya wale wanaotoa musaada, mbaya azifute, zilizobaki azipange: wamama huku, watoto huku, barabara mbovu huku. Picha za nyumba yetu pia alizitia mulemule, katika kikapu chake cha pembeni: arusi yao, ubatizo, Joviale akizaliwa, Joviale akiota meno. Joviale ni mutoto wao mumoja tu. Wakati ule meno ya mbele yalikuwa yameng'oka na mudomo haukufungwa hata usingizini.

Tulikaa Kadutu, juu kwenye muteremuko, nyumba ya mabati yenye mulango mumoja. Gracien alitumikia palepale kwenye meza ya kulia na mashini yake, ile kompyuta ndogo, saa yoyote kuranti ikirudi, na mimi nilikaa kando yake nikichambua maharagi. Ndiyo maana ninajua namna alivyochagua. Anagusa picha ya kwanza, alama ya buluu inatokea kwenye pembe. Halafu anashikilia kidole kwa kitufe kimoja, anashuka chini, chini, chini, anagusa ya mwisho. Palepale zote za katikati zinaingia alama ya buluu, hata zile ambazo jicho lake halijapita.

"Na kama katikati kuna moja ya maana?" nikamuuliza siku ile alipokuwa anafagia picha za machimbo ya Shabunda. Shefu wake alimuambia stoo imejaa, atoe nafasi.

"Maman, nikiangalia moja-moja nitazeekea hapa."

"Kuzeeka haijakuwa ugonjwa."

Akacheka, akabonyeza, picha za Shabunda zikaenda. Kisha akafungua fasi ya takataka na kuimwaga nayo, ili shefu aone amefanya kazi safi.

Haikupita siku nyingi, akaja muzee mumoja kutoka Luvungi, Venant, mulimaji, kofia mukononi. Alibisha hodi, akakataa chai, akakaa kwenye ncha ya kiti kama mutu anayeogopa kukichafua.

"Mutoto wangu," akamuambia Gracien, "dada yangu Emérence amekufa kule Shabunda. Alituacha angali binti, akaenda kwenye dhahabu, akakuwa maman twangaise."

Hao ndio wamama wanaotwanga mawe ya machimbo katika kinu cha chuma, kutwa nzima, ili wengine watafute dhahabu ndani ya unga.

"Udongo ulimuangukia," muzee akaendelea. "Walimuzika kulekule. Mwili hatuna, kaburi hatuna. Tunataka kumaliza kilio, na hatuna hata sura yake. Wenzake wanasema kijana wa shirika alimupiga picha, akamuahidi kumuletea. Eti kila pikipiki ikifika kule, Emérence anauliza: picha yangu iko? Basi utupe ile picha, baba."

Kwetu munajua kilio kinavyoenda. Picha kubwa ya marehemu iko kwa mulango na maua pembeni, na mutu anaisalimia ile kwanza kabla ya kuwapa wafiwa mukono. Familia bila picha inalia kama watu wanaoita kuku ndani ya giza.

Niliona jasho kwenye shingo ya Gracien. Akasema, "Ngojea, muzee." Akazama ndani ya mashini, akatafuta, akatafuta, muzee akimuangalia mugongo. Halafu ile mashini kidogo ya kuchapisha ikalia na kutoa karatasi: mwanamuke mwenye kitambaa cha kichwa cha njano, ameangalia kando.

Venant aliishika mbali, akaishika karibu. "Njo yeye? Ni yeye kweli?"

"Njo yeye."

"Amezeeka."

"Miaka inapita, muzee."

Muzee akalia palepale, bila aibu, akaitia karatasi ndani ya shati akaondoka. Mimi nikafikiri mukwe wangu amefanya jambo jema. Hata nikamuwekea nyama mbili juu ya bugali.

Walimaliza kilio Luvungi, tukasikia kilienda vizuri. Basi nyuma ya pale ndipo ikaja ile picha.

Ilikuwa muchana, mvua ndogo, ukungu umepanda kutoka ziwani mpaka kwenye madirisha. Gracien akasema peke yake, "Hii nayo ni nini?" Katikati ya picha za wamama, kulikuwa na kipande kimoja cha majivu, kama mulango uliofungwa. Akasema haijafunguka, ni internet. Akaifuta. Akageuka kunywa maji, akarudi, iko palepale. Akaifuta tena. Akachagua picha tano za kutuma, mashini ikamuandikia sita. Akatoa alama zote, akaanza upya, akihesabu kwa kidole kama mutoto wa primère. Sita.

Na palepale tukasikia: twa. Kimya. Twa. Kimya. Twa.

"Jirani anatwanga majani ya sombe," Priscille akasema.

Nikatoka nje. Jirani alikuwa ametoka nje naye, mukono kiunoni. "Maman, munatwanga nini leo kwenu? Nyumba yangu inatetemeka."

Nilirudi ndani, na harufu ikanipokea mulangoni, harufu ya shimo, ya mawe mabichi na matope ambayo jua halijawahi kuyaona. Nikafagia, nikamwaga sabuni chini. Harufu ikakaa.

Kesho yake ile picha ya majivu ilikuwa imehama. Iliingia ndani ya kikapu cha nyumba, ikakaa kando ya picha ya kwanza ya Joviale, ile ya maternité alipozaliwa, angali mwekundu kama nyanya. Na ile ya kwanza ilikuwa na alama ya buluu. Gracien akashuka chini na kidole chake, na mimi nikasimama nyuma yake, na Priscille nyuma yangu na kijiko mukononi: ya mwisho nayo, Joviale na mufuko mupya wa shule, alama ya buluu. Na zote za katikati.

"Nani amechagua hizi?" Priscille akanong'ona.

"Si miye."

"Toa basi!"

"Ninatoa, haitoki. Angalia. Ninagusa, haitoki."

Tulipokuwa tunaangalia, ile ya maternité ikapauka mbele ya macho yetu, kama kitambaa kwenye maji ya javel ya kutakatisha, ikakuwa majivu.

Jioni mareni wa Joviale, yule mama aliyemusimamia ubatizo, akapita kutusalimia. Mutoto akamukimbilia kama kawaida. Mama akamukwepa. "Na huyu kadogo wa kupendeza, ni wa nani? Munalea mutoto wa watu?" Tukacheka. Yeye hakucheka.

Picha ya pili ikapauka, ya tatu ikapauka. Mwalimu akatuma ujumbe: juu ya nini Joviale haji shuleni? Na Joviale alikuwa anaenda kila siku, anakaa kwenye banki lake la darasani, ananyosha mukono mpaka mukono unachoka. Gracien akaenda kumuchukua getini, akarudi peke yake, akavua viatu. Nikamuuliza, "Mutoto eko wapi?"

"Mutoto gani?" akasema. Akasimama na kiatu kimoja mukononi, na nikaona hofu inapanda usoni mwake polepole, kama maji kwenye chupa. Akakimbia bila kile kiatu. Mutoto alikuwa amesimama palepale getini. Alisema, "Papa, ulinigonga na mufuko wako, ukasema pardon, ukapita."

Tangu siku ile hatukumutoa nje. Tulifunga mulango kwa muchana, tukala ndani, tukafulia ndani, nguo zikakauka juu ya vichwa vyetu. Pasta akaja, akaomba kwa nguvu mpaka mate yakafika kwangu, akakemea pepo la ziwa na pepo la biashara, na ile twa, twa haikukosa hata pigo moja. Mwishoni akafungua macho, akauliza, "Na tunamuombea nani hasa, wapendwa?" Joviale alikuwa chini ya mukono wake. Mukono ulikuwa juu ya kichwa chake.

"Tuondoke," Priscille akasema. "Twende Uvira kwa dada yako."

"Picha haziko ndani ya nyumba," Gracien akasema.

"Utupe hiyo mashini ndani ya ziwa!"

"Haziko ndani ya mashini vilevile. Ziko kila fasi, Priscille. Ziko juu ya kila fasi. Hakuna pa kuzikimbia."

Lakini wakajaribu, maana mutu anajaribu. Asubuhi wakashuka na mifuko mpaka kwenye magari ya Uvira, mutoto katikati, kila mumoja akimushika mukono. Nilibaki mulangoni nikiwatazama. Kabla maharagi hayajachemka nikasikia hatua, wakarudi wawili, wakaweka mifuko chini, Priscille akaniuliza kama nimetia chumvi.

Nilichukua kitenge changu cha pili, nikashuka ule muteremuko na haya magoti yangu, mimi ambaye hata soko ninatumia watu, nikapita katikati ya pikipiki na wauza sabuni na matope, na kila nikipiga hatua lile jina linateleza kutoka kwenye ulimi wangu kama samaki, Jo, Jovi, nikilishika linatoka, nikafika penye magari bila kujua nimekuja kutafuta nini, nikaona tu katoto fulani kamekaa juu ya jiwe, hakana meno ya mbele, kanalia bila sauti, na watu wanapita kando yake kama wanavyopita kando ya jiwe.

"Koko," kakasema.

"Sikujui," nikamuambia. "Lakini umeniita Koko. Panda."

Nikamufunga mugongoni na kile kitenge, mutoto mukubwa vile, miguu yake ikagonga magoti yangu. Nikafunga fundo tatu kifuani. Nikajiambia: mimi nitasahau, fundo halitasahau. Kilichofungwa juu yangu ni changu. Watu walicheka njiani. "Muzee, unabeba mugeni?" Nikawatukana mpaka juu.

Nilipoingia, Gracien alikuwa mbele ya mashini, na ndipo sisi sote tulimuona yule mwanamuke. Alikuwa ndani ya picha za nyumba. Kwenye arusi, nyuma kabisa, amesimama akitupatia mugongo. Kwenye ubatizo, mugongo uleule, karibu zaidi. Krismasi, karibu zaidi, na sasa tunaona vumbi jeupe kwenye shingo, na chuma cha kutwangia kwenye bega, na Gracien anashuka kwa kidole, hataki kushuka lakini kidole kinashuka, na kwenye kila picha yule mwanamuke anasogea, anasogea, anapita kati ya wajomba na shangazi ambao wanacheka kwenye kamera bila kujua nani amewapita, na anaanza kugeuka, bega kwanza, sikio, kisha shavu, mpaka kwenye ile picha ya mufuko wa shule, ya mwisho kabisa, ile moja tu iliyokuwa bado na rangi, anasimama nyuma ya mutoto, mikono miwili juu ya mabega ya mutoto, ametugeukia kabisa, na pale ambapo uso ungekuwa ni laini, laini tupu, kama sufuria upande wa chini.

Twa, ikalia ndani ya ukuta. Twa.

Mugongoni kwangu mutoto akasema, "Koko, mabega yananiuma."

Nilimutuma Priscille kwa Maman Martine, anayeuza samaki wakavu soko la Kadutu na kutibu watu wa bazimu, roho za wafu, anapokosa wateja. Yule mama hana kelele. Aliingia na harufu yake ya samaki, akasimama katikati ya nyumba, akanusa mara mbili.

"Hii si jini ya ziwa," akasema. "Jini ya ziwa inapenda marashi. Huyu ni mutu. Na ana haki. Nani hapa alimunyima kitu?"

Twa, ikalia ukutani.

"Niende zangu? Samaki wangu wako juani."

"Ni miye," Gracien akasema. "Nilimupiga picha Emérence. Nilimuahidi. Kisha nikazifuta zote pamoja, sikuangalia. Kaka yake alipokuja... nilimupa mwanamuke mwingine."

"Mwingine nani?"

"Mama mumoja wa Walungu. Sijuwe jina lake."

"Amekufa?"

"Hapana. Muzima."

Maman Martine akakaa chini. Akapiga makofi mara moja, kama mutu aliyeona mbuzi akivaa koti. "Walilia muzima! Wakafunga kilio cha Emérence juu ya uso wa mutu anayekula mahali fulani bugali yake! Na Emérence alisimama pale Luvungi, anaangalia ndugu zake wanasalimia mugeni. Sasa hana uso, amekuja kuchagua mwingine. Na anachagua namna ulivyomufundisha, baba. Ya kwanza, ya mwisho."

"Mumupe kuku," Priscille akalia. "Mumupe mbuzi, mumupe sura yangu miye!"

"Yako ya nini? Weye ulimudanganya?" Akamugeukia Gracien. "Ile picha inaweza kurudi?"

"Nilimwaga takataka. Hairudi."

"Basi umupe yako."

"Yangu namna gani?"

"Sijuwe mashini miye. Zako zote. Na mukono wako. Na usifunge macho, uziangalie moja-moja."

Ile picha ya mufuko wa shule ilikuwa imeanza kupauka kwenye pembe. Nikahisi kitenge kinalegea kifuani kwangu, na nikajiuliza juu ya nini nimefunga fundo tatu, nimebeba nini, kuni? Nikakishika kwa mikono miwili.

"Nitabaki nani?" Gracien akauliza.

"Utabaki na miguu," Maman Martine akasema. "Itakufikisha Luvungi."

Gracien alifungua kikapu cha picha zake mwenyewe. Ya kwanza, mutoto wa komunyo, soksi nyeupe mpaka magotini. Akagusa, alama ya buluu. Hakushikilia kile kitufe. Aligusa ya pili, akaiangalia, ya tatu, akaiangalia: mwanafunzi, bwana arusi, baba na mutoto mwekundu kama nyanya mikononi. Alilia na kugusa, alilia na kugusa, na ukungu ukajaa nyumba mpaka tukamuona kama kivuli. Alipofika mwisho akabonyeza.

Zikapauka zote. Twa ikalia mara moja tena, kisha ukimya ukaanguka mukubwa vile mpaka nikasikia watoto wa jirani wakigombana.

Na ile picha ya majivu ikafunguka.

Alikuwa mwanamuke mwembamba, vumbi mpaka kwenye nyusi, chuma begani, anacheka kwa nguvu, anacheka mutu aliyemupiga picha, kama anamuambia usinisahau, weye kijana. Hakufanana hata kidogo na yule wa kitambaa cha njano.

"Koko, nishushe," Joviale akasema. "Unaninyonga." Priscille akapiga kelele ya jina lake, akamuvuta kutoka mugongoni kwangu bila hata kufungua fundo, na mareni wake alifika jioni ileile kuuliza kama mutoto amepona malaria.

Nilipogeuka, kulikuwa na mwanaume kwenye meza yetu. Nikamuuliza anatafuta nini. Akasema ni Gracien; jina nililijua, sura hapana.

Alienda Luvungi na ile picha, na mbuzi, na pombe ya ndizi. Tulimusindikiza, maana peke yake hangepokelewa. Alipiga magoti mbele ya muzee Venant, akasema yote. Venant akatoa yule mama wa Walungu kwenye fremu, akamutia dada yake, na ukoo wote ukaanza kilio upya, kilio cha kweli sasa, wazee wakisema ndiyo, hiki kicheko ni chake. Kisha Venant akasema amemusamehe Gracien. Akageuka kupokea mukono wa mutu mwingine, akarudi, akamukuta pale bado na magoti chini.

"Na weye, kijana? Kilio kinakuhusu nini?"

Akaeleza tena. Venant akamusamehe tena. Akageuka, akarudi, akauliza tena. Mpaka jua likashuka, hakuna aliyejua amemusamehe nani.

Shirika halikumufukuza, mulinzi tu hamufungulii geti. Kwenye bariere ya barabarani askari wanaangalia karta yake ya kitambulisho, pale penye picha wanaona majivu, wanamushusha. Priscille bado ni muke wake. Jioni anabisha, anasema kupitia mulango: ni miye Gracien, baba ya Joviale, tulioana mvua ikinyesha, ulivaa viatu vya dada yako. Siku zingine Priscille anafungua. Siku zingine anachungulia, anamuona, ananiita nikuje niangalie na mimi. "Maman, unamujua huyu?"

Ninamuangalia vizuri, juu mpaka chini. Na ninamuambia ukweli: hapana.